Ufini Mkoa Gani?

Diski ilitoka Kariakoo ndani ya boksi la mchanganyiko,
kumi na mbili kwa bei ya kumi,
imebanwa kati ya kareti na mapenzi ya Kihindi.
Jaladani: mwanamke, ndoo, zizi, theluji.
Jina lake silisomi. Lina herufi zenye nukta mbili kichwani,
kama mtu aliyebeba mayai mawili na hataki kuyavunja.

Jumanne ile, Mbagala, mvua iliwafungia watu bandani kwangu.
Mia tatu mlangoni, watoto wakae chini.
Nikashika maiki. Kazi yangu mnaijua:
sinema inasema kwao, mimi nasema kwetu.
Kichina sikijui, na nimekitafsiri miaka tisa.
Kifini ni kitu gani?

Akafungua mlango wa zizi, nikampa maneno:
"Jamani, mwenye nyumba kaja tena kudai kodi!"
Wakacheka.
Akakama maziwa, nikamsemesha matusi ya mume.
Wakacheka mpaka benchi likalia.
Akavuka uwanja mweupe na ndoo mbili,
hatua fupi fupi za mtu anayejua ardhi itamwangusha.
"Ni wapi huko?" akauliza Shomvi, fundi baiskeli.
"Ufini."
"Ufini mkoa gani?"

Hapo ndipo mwanamke yule alipoanza kunyamaza.
Dakika nzima. Kwenye sinema dakika ni shamba.
Amekaa kizingitini anamenya kiazi,
ganda linashuka refu, halikatiki,
na mimi, mdomo wa kukodi, sina la kumtilia.

Kutoka benchi la nyuma, beseni la karanga mapajani,
Mama Sikitu wa Lupembe akasema, wala hakupaza sauti:
"Sakitu imeunguza shamba. Hiyo anayomenya ni mbegu."

Sikugeuka.
Miaka kumi na minane niko mjini hapa
na hakuna anayejua kwamba na mimi ni wa kule,
kwamba asubuhi za Juni majani huvunjika chini ya mguu kama glasi,
mama akipuliza moto, akiusalimu moshi
kabla ya kutusalimu sisi.
Lafudhi yangu niliisugua shuleni, Temeke,
siku darasa zima lilipoiga salamu yangu.
Ilitoka. Nilidhani ilitoka.

Nikamtazama tena. Mkono umejaa kioo chote,
na pembeni mwa ukucha wa kidole gumba
kuna chembe ya rangi nyekundu iliyogoma kufutika.
Kumbe!
Kumbe na wewe, dada, wa mjini.
Una ghorofa yako huko, una lifti na kitasa cha shaba,
na kuna mtu alikufundisha kushika kisu namna hiyo.
Au hakukufundisha mtu. Ulikumbuka.

Hatimaye akafungua mdomo. Maneno manne.
Nikasogeza maiki, nikamtafsiri
kwa sauti ambayo banda lile halijawahi kuisikia,
nzito kidogo, ya polepole, iliyolala nje usiku:
"Kamwene, wanangu. Leo tunakula mbegu.
Ya kupanda tutaiomba kwa jirani."

Hakucheka mtu.
Shomvi alidai turudi kwenye kareti, au arudishiwe mia tatu yake.
"Kamwene," akaitika Mama Sikitu,
akikiangalia kioo, si mimi,
au labda mimi.

Mpaka leo sijui alisema nini hasa.
Huenda alisema jua limetoka.
Huenda alimwita paka.

Mvua ilikatika, nusu ya watu wakaondoka,
na dakika ya sabini diski ikakwama, ina mkwaruzo.
Nimeifuta kwa shati. Nimeipaka dawa ya meno.
Bado ameganda palepale, kisu mkononi,
ganda halijafika chini.